UZI: Vikosi vya ngoma na baragumu vya Uholanzi havikuletwa na Wamarekani, vilibadilika pistoni kwa pistoni

#1 Baragumu Kavu

Wakuu, kila video ya Jubal au Beatrix, vikosi vya ngoma na baragumu vya Uholanzi, ikitua humu, hayafiki maoni kumi kabla mtu hajasema Waholanzi wameiga Wamarekani. Nimeona bora jambo hili lipate uzi wake, tuache kuharibu nyuzi za watu.

Tuanze na miaka. Jubal ya Dordrecht, mji wa bandari kusini-mashariki mwa Rotterdam, ilianzishwa 1912. American Legion, chama cha wanajeshi wastaafu ambacho matawi yake yalilea vikosi vya namna hii Marekani, ni cha 1919. DCI, chombo kinachosimamia mashindano makubwa ya kule, kiliundwa 1971 na fainali yake ya kwanza ikafanyika 1972 mjini Whitewater, Wisconsin, Anaheim Kingsmen wakashinda. Sasa mtoto atamzaaje baba?

Kuiga kupo, sikatai. Pistoni za G (vali za kubonyeza kwenye baragumu za ufunguo wa G), marimba zilizowekwa chini mbele ya uwanja, hatua zinazopimwa kwa yadi, yote hayo yametoka ng'ambo ya bahari. Lakini klabu yenyewe, ukumbi wake, ada, watoto kufundishwa na wakubwa, gwaride la mtaani siku ya sikukuu, hivyo vilikuwepo tayari. Mmarekani alimkuta Mholanzi anapiga ngoma, akambadilishia vyombo na uwanja.

Halafu tazameni majina, maana yanasema mengi. Jubal ni Yubali wa Mwanzo 4:21, baba yao wapigao kinubi na filimbi. Uholanzi ya wakati ule iligawanyika kwa makundi: Waprotestanti, Wakatoliki na wasoshalisti walikuwa kila mmoja na shule yake, gazeti lake, timu yake ya mpira na bendi yake. Jina la Agano la Kale, au Soli Deo Gloria, mara nyingi ni klabu ya Waprotestanti. Sint Caecilia ni Wakatoliki. Beatrix, Juliana na Wilhelmina ni wapenzi wa ukoo wa kifalme wa Orange. Beatrix ya Hilversum inabeba jina la binti mfalme aliyezaliwa 1938, kwa hiyo jina hilo halikuwa kwenye ngoma yoyote kabla ya hapo. Majina kama Crescendo, Excelsior na Concordia hayakupi lolote, kila kijiji kinayo.

Karibuni. Mwenye kujua sehemu yake aongeze.

#2 Chipukizi wa Bendi

Mkuu asante. Swali dogo. Kwenye maandishi ya Kiholanzi nakutana na neno *bugel* kila mahali, hata kwenye bendi ambazo hazina baragumu hata moja. Inakuwaje?

#3 Baragumu Kavu

Hapo ndipo wengi wanapoteleza. Kwa Kiholanzi *bugel* si baragumu. Ni chombo cha vali tatu, bomba lake pana linalotanuka kama koni, sauti laini, kipo katika ufunguo wa Bb (B iliyoshushwa). Wengi wanakijua kwa jina la Kijerumani, flugelhorn. Ndicho uti wa mgongo wa okestra ya fanfare, aina ya bendi ambayo Waholanzi na Wabelgiji wanaipenda kuliko watu wengine wote.

Baragumu isiyo na vali wanaiita *signaalhoorn*. *Klaroen* ni ndugu yake, ametokana na clairon ya Wafaransa. *Jachthoorn* ni pembe ya mwindaji iliyokunjwa duara. Vyote vitatu ni vyombo vya sauti asilia, yaani urefu wa bomba haubadiliki na kazi yote inafanywa na midomo.

Kwa hiyo ukisoma tangazo la klabu linatafuta wapiga bugel, huyo anatafuta watu wa fanfare. Na kwenye uzi huu tukisema baragumu tunamaanisha ile ya ishara, pamoja na watoto wake wa G waliokuja kuwekewa pistoni.

#4 Mlinzi wa Zamu

Kabla hamjaenda mbali, msimsahau mpiga ngoma peke yake. Tamasha la kijeshi ambalo Waingereza wanaliita *tattoo* ni neno la Kiholanzi lililochakaa: *doe den tap toe*, funga bomba la pipa. Karne ya 17 mpiga ngoma alizunguka mitaani jioni kuwaambia wenye vilabu vya pombe waache kuuza, askari warudi kambini. Waholanzi wenyewe wanasema *taptoe* hadi leo. Taptoe ya Delft ilianza 1954, ikahamia Breda 1976, na tangu 2006 ipo Rotterdam ndani ya ukumbi wa Ahoy.

Na walinzi wa miji, *schutterij*, walikuwa na ngoma zao. Mtazameni Rembrandt, picha ya 1642 inayoitwa Zamu ya Usiku: mpiga ngoma yupo ukingoni kulia. Picha ilikatwa pande zote mwaka 1715 ili ienee ukutani katika ukumbi wa mji wa Amsterdam, ndiyo maana ngoma inaonekana imebanwa. Mkoani Limburg schutterij bado zipo na zinaandamana na ngoma zao.

#5 Bi Matuazi

Kaka Baragumu umesema "pistoni za G" ukapita. Hapo pana historia nzima, acha niifungue, maana wengi wanasikia vali moja, vali mbili, na hawajui zinatoa nini.

Baragumu ya wazi inakupa do, so, do ya juu, mi, so. Hizo tano ndizo zinazopigika bila taabu, na ishara zote za kambini zimejengwa kwa hizo. Ya saba kwenye mfululizo wa sauti asilia ipo, lakini iko chini ya mahali pake na masikio hayaipendi.

Miaka ya 1930 Wamarekani waliruhusu pistoni moja ya kulala, ya kubonyeza kwa kidole gumba. Inashusha sauti kwa nne kamili, kutoka G hadi D. Kufanya hivyo unaongeza theluthi moja ya urefu wa bomba: kwa soprano ya G, baragumu ya sauti ya juu, yenye takriban mita 1.75, hiyo ni karibu sentimita 58. Unapata re na ti. Fa na la bado hazipo. Ndiyo sababu muziki wa zama zile una ladha ya ishara hata ukipigwa polepole.

Ikaja rota, vali ya kuzunguka, ya kushusha nusu toni, karibu sentimita 10 za bomba. Unapata fa iliyopandishwa na mi iliyoshushwa, na tatizo jipya: ukibonyeza zote mbili sauti inapanda. Sababu ni kwamba sentimita 10 zilipimwa kwa bomba fupi. Bomba likisharefushwa kwa theluthi, nusu toni inahitaji kama sentimita 14. Mpigaji hana budi kuishusha kwa midomo.

Mabadiliko makubwa hasa yalikuwa kuiacha ile nne kamili, pistoni ikawa ya toni nzima na rota ya nusu. Hapo umepata vali ya kwanza na ya pili za tarumbeta ya kawaida. Mwaka 1977 DCI ikaruhusu pistoni mbili za kusimama. Ukiwa nazo una karibu kila noti, isipokuwa la iliyoshushwa, na kule chini mi iliyoshushwa, re na do iliyopandishwa. Mtunzi wa zama hizo alikuwa anaandika huku anakwepa mashimo hayo. Vali ya tatu, 1990, iliyaziba.

#6 Chipukizi wa Bendi

Dada, sasa kama vali tatu zilishapatikana, kwa nini wakaiacha G?

#7 Bi Matuazi

Kwa sababu G ni ya kikosi peke yake. Kuanzia msimu wa 2000 DCI iliruhusu tarumbeta za ufunguo wowote, na kwa Mholanzi hesabu ni nyepesi hata kuliko kwa Mmarekani. Mtoto wa fanfare anajua vidole vya Bb, midomo yake imezoea Bb, mwalimu wa shule ya muziki anafundisha Bb. Ukimpa G anajifunza upya mahali ilipo kila sauti, na chombo hicho hawezi kukitumia Jumapili kwenye bendi nyingine. Ukija kuuza vyombo vya zamani, Bb inanunuliwa na bendi yoyote. G inanunuliwa na kikosi kingine cha G, nao wamebaki wachache.

Wanaosikitikia sauti ya G wana haki yao. Bomba ni refu zaidi na vyombo vile vilitengenezwa kwa uwanja, si kwa ukumbi. Lakini kumpata mpigaji ni kazi ngumu kuliko kuipata sauti.

#8 Fundi Wambo

Upande wa ngoma mmeuacha yatima. Tatizo kubwa la mpiga ngoma wa Uholanzi kabla ya plastiki lilikuwa hewa. Ngozi ya ndama hunywa unyevu na kulegea, na Uholanzi ni nchi ya maji. Unaikaza asubuhi, ukungu ukipita inalia kama boksi, jua likitoka inakaza yenyewe hadi inapasuka. Ngozi za plastiki ya Mylar zilizoingia sokoni 1957 zilimaliza shida hiyo, na watu wakaanza kukaza zaidi na zaidi, mpaka miaka ya 1980 zikaja za nyuzi za aramidi, ndiyo Kevlar.

Hapa klabu nyingi zilijitia hasara. Aramidi haivutiki. Nguvu yote ya skrubu inaenda kwenye mwili wa ngoma. Ukiifunga juu ya ngoma ya zamani ya mbao, ile ambayo vishikio vimechomekwa ubavuni, vishikio vinang'oka au mwili unajikunja kuwa yai. Ngoma za kukazwa sana zina fremu ya chuma inayobeba mzigo huo. Usichanganye.

Snea ya gwaride (ngoma ndogo yenye nyuzi chini yake) ya inchi 14 ina skrubu 12. Anza na ngozi ya chini. Kaza zote kwa vidole hadi ziguse, kisha robo mzunguko kila moja kwa kuvuka: ya saa 12, ya saa 6, ya saa 3, ya saa 9, halafu zilizo katikati yake. Ukizunguka kwa mpangilio wa saa, pete inainama upande mmoja na haitarudi sawa hata ukihangaika. Gonga karibu na kila skrubu, sauti zilingane. Iache ilale usiku mmoja, kesho urudie. Ukiimaliza siku moja itashuka katikati ya onyesho.

Mshiko wa mkono wa kushoto kwa chini, ule watu wanaouona wa kizamani, ulitokana na mkanda: ngoma ikining'inia ubavuni inainama, na mkono wa kushoto haufikii vizuri kwa juu. Ngoma ya leo inakaa bapa kwenye fulana ya chuma, mshiko umebaki kwa mapenzi.

#9 Hatua Nane

Niongeze uwanja, maana wanaotaka kuanzisha kikosi wanakosea hapa kabla hawajapuliza noti.

Hatua ya kawaida ni nane kwa yadi tano. Yadi tano ni mita 4.572, kila hatua sentimita 57.15. Uwanja wetu ni wa vipimo vya mpira wa Kimarekani: kuna mafungu 20 ya yadi tano kutoka mstari wa sifuri hadi mstari wa sifuri, jumla mita 91.44 na hatua 160. Kina cha uwanja ni mita 48.77, zaidi kidogo ya hatua 85.

Mtu anaona 4.57 inasumbua, anapima 4.5. Kwa mafungu 20 amepoteza mita 1.44, hatua mbili na nusu. Umbo lililochorwa kwa kompyuta linabanana na watu wanagongana mabega. Kosa la pili ni kupima fungu baada ya fungu. Kila kosa dogo linajijumlisha. Nyosha utepe mmoja mrefu kutoka mstari wa katikati, usiusogeze, weka alama zote kwa namba: 4.57, 9.14, 13.72, 18.29, endelea hivyo hadi 45.72. Kisha upande wa pili.

Mtego wa uwanja wa soka wa mita 105, kama ule wa Kerkrade: mstari wa yadi 50 unakaa juu ya mstari wa katikati, vizuri. Lakini mstari wa boksi la penalti uko mita 36 kutoka katikati, na mstari wa yadi 10 uko mita 36.58. Tofauti ni hatua moja kamili. Mwanafunzi anayelenga mstari mweupe wa mpira akidhani ni wa yadi 10 atakuwa ndani kwa hatua moja kila mara, na atakuapia kwamba yuko sahihi. Alama zenu ziwe za rangi nyingine.

#10 Msikilizaji

Mkuu Hatua, hapo hapo uwanjani, mbona kwenye video nyingine ngoma za nyuma zinaonekana kuchelewa ilhali kiongozi anapiga mkono vizuri?

#11 Hatua Nane

Hazichelewi. Sauti inasafiri kama mita 343 kwa sekunde. Ngoma ikiwa mita 30 nyuma ya marimba, sauti yake inafika mbele baada ya sekunde 0.087. Kwa mwendo wa mapigo 180 kwa dakika, noti moja ya kumi na sita ni sekunde 0.083. Kwa hiyo hadhira inawasikia wamechelewa noti moja ya aina hiyo.

Dawa: walio nyuma wafuate mkono wa kiongozi, walio mbele wafuate sikio. Marimba na vibrafoni hawatazami mkono hata kidogo, wanasikiliza nyuma na kupiga juu ya sauti inapowafikia. Kiongozi naye anaangalia miguu ya snea wa katikati. Kinachoharibu ni mtu wa mbele mwenye bidii anayemtazama kiongozi. Anakuwa sahihi peke yake na wote wanasikika vibaya.

Zingatia pia ukuta. Jukwaa la nyuma likiwa tupu sauti inarudi, na wa mbele wanaweza kufuata mwangwi badala ya ngoma. Siku ya onyesho fanyeni jaribio la sekunde chache kabla ya kuanza.

#12 Bi Matuazi

Na joto. Kila nyuzi moja ya sentigredi inasogeza tarumbeta kama senti 3, mia moja zikiwa nusu toni. Mmepatanisha saa tisa mchana kwa nyuzi 28, mnaingia uwanjani usiku kwa nyuzi 18: chombo kilichokaa bila kupulizwa kimeshuka karibu senti 30. Marimba haishuki pamoja nanyi. Patanisheni langoni, si kwenye banda la mazoezi, na pulizeni hewa ya moto bila sauti mpaka dakika ya mwisho.

#13 Mlinzi wa Zamu

Kerkrade imetajwa, tuieleze. Ni mji wa Limburg mpakani na Ujerumani, zamani wa makaa ya mawe. Mashindano yake ya muziki duniani, WMC, yalianza 1951 na kwa kawaida huja kila baada ya miaka minne. Ya 2021 yalisogezwa hadi 2022 kwa sababu ya Uviko. Huko kuna okestra za kuketi na pia gwaride na maonyesho ya uwanjani. Fainali za Ulaya za vikosi, DCE, zimefanyika mara nyingi kwenye uwanja uleule wa klabu ya soka ya Roda JC, na Jubal wameondoka na ubingwa mara nyingi. Nani anajua wanavyopewa alama?

#14 Hatua Nane

Kwa mtindo wa DCI: athari ya jumla 40, muziki 30, macho (yaani mwendo na maumbo) 30. Zamani alama za usahihi wa kupiga na kutembea zilikuwa za adhabu tupu. Hapo kikosi kilianza na alama zote, majaji wakatembea katikati ya safu na karatasi, kila kosa linakatwa 0.1. Ilifutwa kuanzia 1984. Matokeo yalionekana mara moja: chini ya adhabu unaandika kilicho salama, bila adhabu unaandika kilicho kigumu.

Na msichanganye na *showband*, ambayo kwa Waholanzi ni kitu kingine na pengine kinapendwa zaidi. Advendo ya Sneek, Adest Musica ya Sassenheim, K&G ya Leiden: hao mtaani wamo, taptoe wamo. Showband inaweza kuchukua saksafoni ikitaka. Kikosi cha ngoma na baragumu hakina chombo cha ulimi wa mwanzi, kama saksafoni, kabisa. Na kule Opende, Groningen, Crescendo wanapiga juu ya baiskeli, hao wana hesabu zao wenyewe.

#15 Msikilizaji

Ombi la mwisho. Nina picha za zamani kutoka mnada wa mtandaoni, hazina tarehe. Naweza kukadiria kwa vyombo?

#16 Fundi Wambo

Unaweza. Kamba ubavuni mwa ngoma na ngozi yenye rangi isiyolingana, hiyo ni kabla ya plastiki. Snea nyeupe bapa na fulana ya chuma, miaka ya karibuni. Timpani na marimba zimewekwa chini, baada ya mwanzo wa miaka ya 1980. Maikrofoni mbele ya marimba, kuanzia 2004. Kinanda cha umeme, kuanzia 2009. Trombone ndani ya kikosi, kuanzia 2014.

#17 Baragumu Kavu

Fundi, hiyo miaka ni ya kanuni za DCI. Klabu ya Uholanzi haikufungwa nazo ilipokuwa inaandamana mtaani kwake. Inaweza kuwa na tarumbeta za Bb mwaka 1960, marimba chini wakati wowote, hata trombone, na hakuna jaji wa kuikata. Miaka ya ruhusa haimpi tarehe mwenye picha.

Msikilizaji, tafuta chombo ambacho kisingetengenezwa bila kanuni. Pistoni moja iliyolala karibu na kidole gumba: hicho ni cha kiwandani kwa ajili ya vikosi vya Marekani, si rahisi kitangulie miaka ya 1930. Pistoni mbili zilizosimama na ya tatu haipo: karibu hakuna bendi nyingine iliyohitaji tarumbeta pungufu namna hiyo, kwa hiyo picha ni ya 1977 au baadaye. Kuza picha kwenye mkono wa kulia wa mpiga soprano, hesabu vifuniko vya pistoni. Ukiona vitatu, rudi kwenye jina lililoandikwa kwenye ngoma kubwa, maana chombo hakitakusaidia.

Weka picha humu, tuzihesabu pamoja.